Barua ya chuo ninayo, jina wamelifuta: nichangie kesi au nirudie Hisabati?

Shikamoo Mshauri,

Nina miaka 24. Kwa miaka mitatu nimekuwa karani wa ghala: napokea mizigo, nahesabu maboksi, naandika daftari la kuingia na kutoka. Kazi si mbaya, lakini tangu utotoni nilitaka kufundisha watoto wadogo. Tangazo la udahili wa vyuo vya ualimu lilipotoka nililisoma mara nne ili nisije nikajidanganya. Lilitaka wastani wa C na ufaulu katika lugha. Hisabati haikutajwa popote. Nasisitiza hilo kwa sababu Hisabati nina D, na ingetajwa nisingejisumbua.

Nikaomba, nikachaguliwa, nikapata barua ya udahili yenye namba, sahihi na muhuri. Ilinitaka nithibitishe ndani ya siku 14 na kulipa sehemu ya ada. Nikathibitisha. Ada nikalipa, nusu akiba yangu, nusu mkopo kwa dada. Nikaandika barua ya kuacha kazi. Mama akanishonea sare mbili na kuwatangazia majirani wote.

Zikiwa zimebaki siku 19 kuripoti, nikapata ujumbe wa simu: kufuatia mabadiliko ya sifa za kujiunga, sikukidhi vigezo, niingie kwenye akaunti yangu kwa maelekezo. Nikaingia. Palipokuwa pameandikwa “Umechaguliwa” kwa kijani sasa pameandikwa “Huna sifa” kwa nyekundu. Chini yake kuna kitufe cha kuomba kurejeshewa ada. Ukikigusa kinafunguka kisanduku cha kuweka alama ya vema, na maneno yake ni haya: “Nimejiondoa katika udahili na sina dai lolote.” Sijaweka alama. Nafungua, natazama, nafunga.

Nilipopiga simu chuoni niliambiwa waraka mpya umetoka, anayetaka kufundisha shule ya msingi lazima awe na C ya Hisabati. Waraka wenyewe nimeuona kwa picha iliyopigwa ovyo. Tarehe yake ni wiki tatu baada ya barua yangu.

Sasa tuko 43 kwenye kundi la WhatsApp. Kiongozi wetu anataka tuchange tumpate wakili, tukaiambie mahakama kwamba kulazimisha Hisabati ni ubaguzi na sharti lote lifutwe. Mwingine anasema anamjua mtu wa ndani, kila mmoja atoe kitu kidogo na majina yatarudi. Kaka yangu ananicheka, anasema hakuna aliyewahi kushindana na serikali akashinda, nijiandikishe kurudia Hisabati nikae kimya. Kinachonichanganya zaidi, rafiki yangu mwenye D kama mimi aliitwa chuo kingine, ameripoti na anaendelea na masomo. Nimtaje kwenye kesi kama ushahidi?

Tena kuna jambo nililigundua juzi. Mwishoni mwa barua yangu ya udahili, kwa herufi ndogo kabisa, wameandika: “Chuo kinaweza kubadilisha masharti haya wakati wowote bila taarifa.” Je, kwa mstari huo mmoja nimekwisha?

Bosi wa ghala bado hajaajiri mtu mwingine, na aliniambia mlango uko wazi. Nimejibanza tu nyumbani sijui niende wapi.

Aliyefutwa Jina

*

Marahaba, binti yangu.

Kwanza, hongera kwa kutoweka alama kwenye kile kisanduku. Usiiweke. Nilikaa miaka mingi kwenye masjala ya mahakama kabla sijawa wakili, na nimeona kesi nzuri zikifa kwa sababu ya karatasi moja ambayo mwenye kesi aliitia sahihi akiwa na shida ya nauli. Ukitamka kwamba umejiondoa mwenyewe, mawakili wa upande wa pili hawatakuwa na haja ya kujibu hoja zako. Watasema hapakuwa na uamuzi wa kukufuta, ulitoka kwa miguu yako. Kama hiyo ada unaihitaji sana, andika barua uidai, na ndani yake useme kwa maneno ya wazi kwamba kurejeshewa fedha si kukubali kufutwa na huachi haki yako. Wakikataa kulipa bila kile kisanduku, kukataa kwao nako ni ushahidi.

Leo hii, kabla hujamaliza kusoma majibu yangu, piga picha ya skrini ya hiyo “Huna sifa” pamoja na kisanduku, saa na tarehe zionekane. Hifadhi tangazo la mwanzo. Kurasa za intaneti zina tabia ya kubadilika usiku mmoja, na tangazo la zamani likishatoweka utabaki kuapa kwa mdomo mtupu.

Sasa nikwambie ninavyoliona suala lako, maana hapo ndipo ninapotofautiana na kiongozi wa kundi lenu. Yeye anagombana na sharti. Wewe unapaswa kugombana na tarehe.

Mahakama ikiulizwa kama mwalimu wa shule ya msingi anapaswa kujua Hisabati, itajibu kwamba hilo ni la wataalamu wa elimu. Majaji hawapendi kujifanya wakuu wa vyuo. Na kusema kweli, mwalimu wa watoto wadogo hufundisha masomo yote, pamoja na kugawanya na sehemu, kwa hiyo aliyeandika lile sharti hatakosa sababu ya kulieleza. Mkienda na hoja ya ubaguzi mtatumia pesa nyingi kubishania jambo ambalo hakimu ataliona la busara kabla hata hamjaketi.

Lakini ukiiuliza mahakama swali dogo zaidi, mambo yanageuka. Sharti la wiki hii linawezaje kumfuta mtu aliyekwisha kuomba, kuchaguliwa, kuthibitisha na kulipa chini ya sharti la mwezi uliopita, tena bila kuitwa wala kusikilizwa? Hapo hupingi Hisabati. Unasema: waanze nalo kwa watakaoomba mwakani, mimi niliingia mlangoni mlango ukiwa wazi.

Wanasheria hoja hiyo wanaiita matarajio halali. Jina hilo liliingia katika sheria ya Uingereza kupitia shauri la Schmidt la mwaka 1969, na utashangaa kujua lilihusu wanafunzi. Walikuwa wageni waliokuja kusoma kwenye chuo kimoja, serikali ikabadili sera na kusema chuo chao hakitambuliki tena kama sababu ya kukaa nchini. Wanafunzi wakashindwa, kwa kuwa vibali vyao vilikuwa vimekwisha muda na hawakuwa na haki ya kuongezewa. Ila Jaji Denning akasema jambo ambalo limeishi kuliko kesi yenyewe: kama kibali kingekatwa kabla ya muda wake kwisha, mwenye nacho angestahili kusikilizwa kwanza, kwa sababu alikuwa na matarajio halali ya kukaa hadi mwisho. Unaona mstari ulipochorwa? Aliye na karatasi iliyo hai mkononi yuko upande mmoja, anayetumaini kupewa karatasi yuko upande mwingine.

Kwa hiyo hebu litazame upya kundi lenu la watu 43. Nina hakika si wote wenye barua kama yako. Watakuwamo walioomba na hawajajibiwa, na huenda hata waliokuwa wanajiandaa kuomba. Hao ni watu wa aina tatu tofauti kisheria, na mkiingia kwenye hati moja ya maombi, wenye hoja dhaifu watawavuta chini wenye hoja nzito. Wakili mzuri atawatenganisha siku ya kwanza. Wakili atakayewapokea wote bila kumuuliza hata mmoja ana karatasi gani, mwogopeni.

Haya, tuje kwenye herufi ndogo zilizokunyima usingizi.

Mstari ule haujakumaliza, ila nisikudanganye, una meno. Korti ya Juu ya India ililijadili jambo la namna hii mbele ya majaji watano na kutoa hukumu Novemba 2024. Mwaka 2009 kulitangazwa nafasi 13 za watafsiri katika Mahakama Kuu ya jimbo la Rajasthan. Watu wakafanya mtihani. Baada ya mtihani ndipo ukawekwa ukomo kwamba atakayechukuliwa lazima awe amepata asilimia 75, na waliovuka wakawa watatu tu. Waliobaki wakaenda mahakamani wakidai kwamba kanuni za mchezo haziwezi kubadilishwa mpira ukiwa uwanjani. Majaji wakasema ni kweli, sifa zilizotangazwa mwanzoni hazibadilishwi katikati, isipokuwa kanuni zenyewe au tangazo liwe limeruhusu. Na hata likiruhusu, mabadiliko hayo lazima yawe ya haki na yasiwe ya kukurupuka. Wakaongeza na la kuwavunja moyo wengi: kuwemo kwenye orodha ya waliofaulu, peke yake, hakumpi mtu haki isiyotikisika ya kupata nafasi.

Shauri lile lilihusu ajira, halikuhusu udahili wa chuo, na hukumu ya India haimfungi jaji wa nchi nyingine. Lakini mawakili wa nchi zenye mfumo wa sheria unaofanana huzisoma hukumu hizo, na mantiki yake inakusaidia kujua cha kuchungulia kwenye karatasi zako. Soma upya mstari wako. Unasema “Chuo kinaweza kubadilisha”. Waliobadilisha ni chuo, au ni wizara kwa waraka? Unasema “masharti haya”. Masharti gani? Kama barua imeorodhesha tarehe ya kuripoti, ada, mavazi na vifaa, basi “haya” ni hayo. Sifa za kuchaguliwa zilikuwa kwenye tangazo, hazikuwa kwenye barua. Mimi ningekuwa wakili wako ningekaa juu ya neno “haya” kwa nusu saa. Tena, mstari uliokusudiwa kuruhusu kuhamisha tarehe ya kufungua chuo ukitumiwa kumfuta mtu aliyekwisha kulipa, jaji atataka kuelezwa kwa nini.

Kuna mlango mmoja ambao ukikuta umefungwa, kesi yako imekwisha, na ni heri uujaribu kabla hujatoa hata shilingi. Je, sharti la Hisabati lilizaliwa na waraka huu, au lilikuwamo kwenye kanuni tangu zamani, ila tangazo lilikosea kulitaja? Ni mambo mawili tofauti kabisa. Mahakama ya Juu ya Kenya, katika hukumu yake ya mwaka 2014 kuhusu vyombo vya habari na leseni za utangazaji wa kidijitali, iliorodhesha kinachotakiwa ili mtu adai matarajio halali: ahadi iwe wazi isiyo na utata, matarajio yenyewe yawe ya busara, aliyeahidi awe na mamlaka ya kuahidi, na kusiwe na matarajio yanayokwenda kinyume na sheria iliyo wazi au Katiba. Hilo la mwisho ndilo mlango wenyewe. Kama kanuni iliyochapishwa kwenye gazeti la serikali kabla ya tangazo ilikwisha kudai C ya Hisabati, basi chuo kilikuahidi kisichokuwa chake. Utakachoweza kudai ni ada yako na labda fidia ya hasara, ila kiti darasani hutakipata.

Lakini kama waraka ndio mama wa sharti lenyewe, swali linalofuata ni kama aliyeutoa alikuwa na uwezo wa kufanya hivyo kwa waraka tu. Nchi nyingi sheria ya elimu inataka sifa za kujiunga ziwekwe kwa kanuni, baada ya kushauriana na wadau, kisha zitangazwe rasmi. Barua ya ofisi kwenda kwa wakuu wa vyuo si kanuni, hata ikiwa na mihuri mitatu. Ndiyo maana ile picha iliyopigwa ovyo haitoshi. Andika barua kwa chuo na kwa waliotoa waraka uombe nakala kamili na sababu za kufutwa kwako kwa maandishi. Ukiandikia kutoka Kenya, haki ya kupewa sababu imo kwenye ibara ya 47 ya Katiba na sheria ya mwaka 2015 iliyotungwa kuitekeleza. Kwingine inaweza kuwa kwenye hukumu za mahakama kuliko kwenye Katiba, lakini kuuliza kwa heshima na kubaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa hakukatazwi popote.

Hukutaja uko nchi gani, na muda unakimbia, kwa hiyo niseme kwa ujumla. Maombi ya kuitaka mahakama itengue uamuzi wa ofisi ya umma huitwa mapitio, na yana ukomo wa muda. Kenya na Tanzania ni miezi 6 tangu uamuzi ulipotolewa, na Tanzania unaanza kwa kuomba kibali cha kufungua maombi hayo. Uganda ni miezi 3. Uingereza wanataka uende haraka, na kwa vyovyote isizidi miezi 3. Usiisome hiyo miezi 6 kama ruhusa ya kulala. Masomo yataanza, kiti chako atakikalia mwingine, na jaji atauliza ulikuwa wapi wakati huyo mwingine anaandikishwa.

Wala usikimbilie mahakamani kabla hujabisha hodi ofisini. Kama kuna kamati ya rufaa ya udahili, au ofisi ya juu inayopokea malalamiko, ipitie kwanza, maana kesi nyingi hutupwa mlangoni kwa kosa hilo tu. Barua moja ya kurasa mbili, yenye tarehe zako zote na ombi moja: sharti jipya lisitumike kwa waliokwisha kuthibitisha kabla ya waraka. Nimeona ofisi zikirudi nyuma kwa barua ya namna hiyo, kwa kuwa inawapa njia ya kutoka bila kuona aibu. Mkiwaandikia kwamba sharti lenyewe ni upuuzi hamtawaachia njia.

Ikibidi kufungua shauri, ombeni zuio la muda, lakini msiombe kuingizwa darasani kabla kesi haijasikilizwa. Majaji wanasitasita kumpa mwombaji mwanzoni kile anachokitaka mwishoni. Ombeni kiti chako kisijazwe hadi uamuzi utoke. Ombi dogo hupita kwa urahisi zaidi. Na ujue mapema ushindi unafananaje: mara nyingi mahakama hufuta uamuzi na kuurudisha kwa walioutoa wafikiri upya kwa kufuata haki. Si lazima itamke “mwandikisheni huyu”. Kuna walioshinda kesi Ijumaa na Jumatatu hawakuwa darasani. Ukishindwa, unaweza kuamriwa ulipe gharama za upande wa pili, na hilo kiongozi wenu naona hakulisema.

Jambo jingine ambalo watu hulisahau. Anayekudahili na atakayekusajili uwe mwalimu si lazima wawe mtu mmoja. Kenya mwaka 2018 wizara ilishusha alama za kuingilia vyuo vya ualimu, na Tume ya Huduma za Walimu ikapinga, ikisimama juu ya mamlaka yake ya kikatiba ya kuangalia viwango vya mafunzo ya wanaoingia kwenye kazi hiyo. Fikiria mtu aliyekuwa katikati ya mabishano yale, chuo kinamkaribisha na msajili anamkunjia uso. Kwa hiyo mkifungua shauri, chombo kinachosajili walimu kiunganishwe kiwe mhusika. Amri iliyotolewa dhidi ya chuo peke yake inaweza kukufikisha kwenye mahafali na kukuacha hapo.

Kuhusu rafiki yako, nimelifikiri hili kuliko yote. Kisheria anakufaa, maana watu wawili wenye alama sawa na barua sawa wakitendewa tofauti, hiyo ni dalili kwamba sharti linatumiwa kiholela. Lakini ukimtaja kwa jina kwenye hati ya kiapo, kuna uwezekano mkubwa kwamba chuo chake hakitakurudisha wewe, kitamfuta yeye. Jibu rahisi la ofisi iliyokutwa na upendeleo ni kuwabana wote. Hukuniambia kama yeye amekubali. Muulize. Akikataa, mwache asome. Hoja yenu inasimama bila yeye kwa kusema tu kwamba mnaomba chuo kieleze kama sharti limetumika kwa vyuo vyote, na waliotoa waraka ndio watakaolazimika kujibu.

Yeye naye mwambie asijione amevuka mto. India hiyohiyo, mwezi Juni 2018 baraza la taifa la elimu ya ualimu liliruhusu wenye shahada ya ualimu wa madarasa ya juu kufundisha shule za msingi, mradi wamalize kozi fupi ya miezi 6. Wengi wakaingia. Mwaka 2021 Mahakama Kuu ya Rajasthan ikaifuta ruhusa hiyo, na tarehe 11 Agosti 2023 Korti ya Juu ikakubaliana nayo, ikisema kufundisha watoto wadogo kunahitaji mafunzo yake mahsusi. Watu waliokwisha kuajiriwa wakawa roho juu kwa miezi minane. Aprili 2024 Korti ikafafanua kwamba hukumu inatazama mbele: walioajiriwa kabla ya siku ile ya Agosti wabaki kazini, isipokuwa wale ambao ajira zao zilikuwa zimefungwa na amri ya mahakama kusubiri matokeo ya kesi. Walimu wawili wenye cheti kimoja, darasa moja, mmoja amebaki na mwingine yuko hatarini, na tofauti yao ni tarehe na maneno yaliyokuwa kwenye barua. Rafiki yako aende kwenye ofisi ya udahili ya chuo chake aombe barua inayothibitisha udahili wake ni kamili. Ila kwanza ashauriane na mtu, kwa sababu kuna milango ambayo ukiigonga ndipo wanakumbuka kuwa uko ndani.

Yule mwenye mtu wa ndani, mtoeni kwenye kundi. Siongei kama mlokole. Naongea kama karani wa zamani wa masjala: jina lililorudishwa kwa mlango wa nyuma halina faili, na siku ya ukaguzi ndilo la kwanza kutafutwa. Na siku hiyo hutakuwa na kesi ya tarehe tena, utakuwa na kesi ya rushwa.

Kaka yako kakosea kuhusu serikali, kwa sababu watu huishinda mahakamani na si mara moja wala mbili. Kuhusu Hisabati lakini yuko sahihi, ingawa amekosea aliposema ukae kimya. Jiandikishe kurudia. Kurudia mtihani si kukiri kwamba ulistahili kufutwa, na wakili wako aliseme hilo mapema ili wasije wakalitumia. Ukipata C kabla kesi haijaisha, kesi inaweza kukosa maana, nawe utakuwa umepata ulichokitaka kwa bei ya ada ya mtihani. Usipoipata, bado una hoja ya tarehe.

Je, uchange? Changa ikiwa mambo haya yapo: kundi la wenye barua zilizothibitishwa kabla ya waraka limetenganishwa na wengine, hoja ni kutumika kwa sharti na si sharti lenyewe, wakili ameandika makubaliano yanayosema ada yake yote ni kiasi gani na mwisho wake ni hatua gani, na pesa zinaingia kwenye akaunti yenye watia sahihi watatu. Kabla ya hapo, ulizieni ofisi ya msaada wa kisheria au chama cha mawakili. Shauri la watu wengi kuhusu elimu wakati mwingine huchukuliwa bure, kwa kuwa linampa wakili jina. Kama kiongozi anakasirika ukimuuliza hayo, umeshapata jibu.

Na ghalani, binti yangu, rudi Jumatatu. Mwambie bosi ukweli wote, kwamba huenda ukaondoka tena ukiitwa. Mtu ambaye kwa miezi kadhaa atahitaji nauli ya kwenda masjala na ada ya mtihani hawezi kukaa nyumbani akitazama skrini nyekundu. Halafu umenichekesha kidogo, unisamehe. Miaka mitatu unapokea maboksi, unajumlisha, unatoa, unalinganisha daftari na mzigo, na hukuniambia kwamba hesabu zako ziliwahi kukataa. Beba karatasi za mitihani iliyopita, wakati wa mapumziko uzifanyie palepale juu ya maboksi. Ile nakala ya waraka ukiipata, niandikie tarehe yake na jina la ofisi iliyoutoa. Kwa sasa hayo mawili yananitosha.